Herufi za Mkono wa Sylvanus

Jumatatu, Machi 10

Mvua imeanza. Were, mwenye karakana, alisimama mlangoni akiangalia barabara ya Shieywe ikigeuka matope, akasugua mikono, akasema, "Risper, msimu wetu umefika." Maana yake ni kwamba mvua ikinyesha misalaba ya mbao inaoza, rangi inafutika, na watu wanakumbuka kuagizia wafu wao mawe. Miaka yote hii nimemfanyia kazi na bado hiyo furaha yake inanikera.

Nitaandika hapa mpaka siku ya kumbukumbu ya mama, Juni 21. Siku nikikosa la kusema nitaandika hali ya hewa.

Jumanne, Machi 11

Mvua.

Jumamosi, Machi 15

Nimekuja nyumbani Malinya. Sikuwa nimefika tangu Krismasi, na senje Jescah alinikumbusha hivyo kabla sijaweka mkoba chini. Senje ni dada ya baba. Tangu mama atutoke yeye ndiye anamtunza baba, na pamoja na baba amechukua jiko, amechukua funguo za stoo, na siku hizi amechukua hata mazungumzo. Ukimuuliza baba swali, senje anajibu.

Nilipitia kaburini. Msalaba wa mama umesimama lakini jina limebaki NAV na kipande cha A. Herufi nyingine za NAVALAYO zimeoshwa na mvua.

Baba ndiye alikuwa akiandika misalaba ya huku kwetu yote. Mtu akifa, watu wa boma hilo wanakuja na ubao na jina, na baba hagusi chai kabla hajamaliza. Aliandika pia vibao vya posho mill za kusaga unga, vya vinyozi, vya makanisa, mpaka majina ya mafahali wa kupigana. Lakini mama alipofariki, baba alikuwa amelazwa, kiharusi kimemkata upande wa kulia. Msalaba wa mke wake ukaandikwa na fundi wa majeneza ambaye hata hakuwahi kumwona mama akicheka. Hilo limemkaa baba kooni mpaka leo.

Tukiwa tunakula aliniambia, na ule mdomo wake wa upande mmoja, "Jiwe la mama yako liandikwe na mimi."

"Baba, na mkono huo?"

Akauangalia ule mkono uliolala pajani kama mtu anayemwangalia mgeni aliyekataa kuondoka. "Wewe si ulininakili?"

Ni kweli. Nilipokuwa nasoma uchoraji chuo cha Sigalagala, mradi wangu wa mwisho ulikuwa kupiga picha vibao vyake vyote na kutengeneza fonti ya kompyuta. Niliiita Sylvanus, jina lake. Mpaka leo watu wanaitumia kwa karatasi za programu za mazishi. Nikamwambia, "Hiyo ni rahisi, baba. Wiki moja tu utaona." Mdomo wangu huu!

Senje alikuwa akipakua obusuma, ugali wetu, hakugeuka hata. "Ahadi za watu wa kompyuta," akasema.

Baba ameshachagua maneno. NAVALAYO, na chini yake, TULIISHI VYEMA. Basi.

Jumanne, Machi 18

Nimeingiza fonti ya baba kwenye programu ya michoro inayoendesha mashine yetu ya kuchonga. Kwenye skrini ilipendeza sana. Kimutai, kijana wa Kapsabet anayesimamia mashine, akafunga kipande cha graniti tukajaribu.

Majaribio hapa kwetu tunachonganga majina ya mboga. Were ana amri moja isiyo na msamaha: jina la mtu aliye hai halichongwi kwenye jiwe, hata kwa utani, hata kwa majaribio. Huku kwetu hilo ni kumwita mtu kaburini. Kwa hivyo uwanja wa nyuma umejaa vipande vya KABICHI na KUNDE na MRENDA. Mgeni akipita anaweza kudhani tunazika mboga.

Leo tulichonga NYANYA. Ilikuwa aibu. Fonti ya kawaida ya kompyuta inabeba ukingo wa herufi tu, mstari unaoizunguka kwa nje kama ua wa boma. Printa inajaza wino katikati. Lakini ncha ya mashine haijazi kitu, inafuata mstari. Ilizunguka kila herufi upande huu, ikarudi upande ule, na kile kiukuta chembamba kilichobaki katikati kikamomonyoka chote.

Kimutai aliinua kipande akasema, "Hii nyanya imeoza." Nilicheka, halafu nikakaa chini kwa sababu niliona kazi iliyo mbele yangu.

Were alipita. "Kwani herufi za mashine zina ubaya gani? Makaburi yote yamezikubali."

Herufi za mashine ni za mstari mmoja mmoja, zilitengenezwa kwa ramani za mainjinia. Zinasomeka vizuri. Zinafanana na namba za mita ya stima. Mama yangu hakuwa mita ya stima.

Alhamisi, Machi 20

Nimejaribu kila kigeuzi cha fonti nilichopata mtandaoni. Vinageuza aina ya faili, na ndani bado ni ukingo uleule. Nitachora mwenyewe mstari wa katikati, herufi moja moja.

Mvua ya mawe saa tisa.

Jumamosi, Machi 22

Nimekuja na karatasi. Nilikuwa najivunia. Herufi zote za NAVALAYO, mstari mmoja safi katikati ya kila mguu, tayari kwa mashine. Nikamshikia baba karatasi mbele ya macho.

Aliangalia muda mrefu. "Hii ni ya nani?"

"Ni yako, baba."

"Hapana." Akaisukuma kwa mkono wa kushoto. "Hii ni ya mtu wa kaunti."

Senje alicheka. Nilitoka nje nikasimama chini ya paa la jikoni, nikalia kwa hasira. Mvua ilikuwa nyingi hata hakuna aliyesikia.

Jumapili, Machi 23

Senje alienda kanisani, mimi nikabaki na baba. Nilikuwa bado nimenuna. Alinyoosha kidole akaonyesha sinia ya unga. Nikamletea, sikuelewa. Akausawazisha kwa kiganja cha kushoto, polepole sana, akachora N.

Lakini hakuanzia juu kama mimi. Alianzia chini ya mguu wa kwanza, akapanda, akashuka mshazari, akapanda tena, na mwishoni kidole kikaruka kidogo kulia. Ule mruko! Upo kwenye kila N yake, kwenye kila kibao, na mimi kwenye kompyuta nilikuwa nimeukata nikidhani ni rangi iliyochuruzika.

Sasa nimeelewa. Fonti yangu inajua herufi inaishia wapi pembeni. Haijui mkono ulianzia wapi, ukapita wapi, ukapumzika wapi. Hayo hayakuwa kwenye picha. Yako kwa baba peke yake.

"Nifundishe zote," nikamwambia.

"Moja moja," akasema. "Jumamosi."

Senje aliporudi akakuta unga umemwagika, akagomba mpaka chajio.

Jumamosi, Machi 29

A na V. Sehemu nyingine ni ya kubonyeza. "Hapa lala. Hapa inua." Brashi ikilala mstari unanenepa, ikiinuka unakonda. Nikakumbuka kwamba ncha ya mashine yetu imechongoka, ikizama inapanua, ikipanda inakondesha. Kwa hivyo mstari mmoja unatosha, mradi niuambie kila mahali uzame kiasi gani. Nimemweleza baba. Aliniangalia kwa jicho lake zima akasema, "Kumbe mashine yenu ni brashi." Sijamwona akifurahi hivyo tangu alipougua.

Jumatatu, Machi 31

Kutwa naingiza vipimo vya kina cha A. Were ananiuliza kama nalipwa kuchora au kutafakari.

Jumamosi, Aprili 5

L. Niliuliza O. "O baadaye," akasema.

Jumamosi, Aprili 12

Y, na T. T yake inaanza na kofia. Senje alileta chai, akasimama nyuma yetu akatazama unga bila kusema neno. Sipendi anavyosimama. Ni kama mwalimu wa zamu.

Nikauliza O. "O ni ngumu. Ya mwisho hiyo."

Ijumaa Kuu, Aprili 18

S. Ilichukua asubuhi nzima. Mkono wa kushoto ulimchoka, akafunga macho akaichora hewani, na mimi nikaifuata kwa kidole changu. Nje kulikuwa na mvua nyembamba ya siku nzima, ile inayofanya nguo zisikauke.

Pasaka, Aprili 20

U, I, H, E, M. Alikuwa na nguvu leo. Senje alichinja ingokho, kuku wa sikukuu. Tulikula sote, na kwa mara ya kwanza niliona kwamba senje hamlishi baba. Anamkatia vipande, anaweka kijiko upande wa kushoto, halafu anaangalia pembeni mpaka amalize. Sikuwahi kuliona hilo.

"Sasa O, baba, tumalize."

"Jumamosi."

Jumamosi, Aprili 26

Alisema kichwa kinauma. Hatukuchora. Tuliongea tu, kuhusu mama na ng'ombe aliyekuwa akimwita Madam. O ni Jumamosi ijayo.

Jumanne, Aprili 29

Leo ni siku mbaya.

Asubuhi nilikusanya mistari yote niliyonayo nikaitengeneza iwe fonti mpya ya jina lilelile, ya mistari, ambayo mashine inaweza kuisoma. Haina O bado. Nikafungua faili la majaribio ili nione kama inakubali. Programu yetu ikifungua fonti mpya huandika jina la fonti yenyewe kama mfano, na wewe ndiye unafuta na kuandika maneno yako. Nilitakiwa kufuta niandike KUNDE. Were akaniita nikapime jiwe la mteja nje, nikaacha hivyo.

Kimutai akaja, akaona faili la majaribio liko tayari, akafunga kipande, akawasha. Yeye anamjua baba yangu kama "mzee" tu. Jina la fonti kwake ni jina la fonti.

Niliporudi maji yalikuwa bado yanatiririka juu ya jiwe. SYLVANUS.

Nitaandika ukweli. Kwanza nilifurahi. S ilikuwa ile ya hewani. N iliruka mwishoni. Mtu yeyote wa Malinya angepita hapo angesema, huyu mzee amepona, ameshika brashi tena. Nilisimama nikitabasamu kama mjinga, halafu nikalisoma kama jina. Jina la baba yangu liko kwenye jiwe la kaburi na baba yangu yuko hai nyumbani anakunywa uji.

Were alikuja, akasoma, akavua kofia. Kisha akapiga kelele sijawahi kusikia. "Risper! Baba yako mwenyewe!" Kimutai maskini aliuliza mara nyingi amefanya nini, na alipoelezwa akakaa kwenye gunia la saruji akashika kichwa. Were akachukua nyundo.

Na nani anaingia wakati huohuo? Senje Jescah. Kila mwisho wa mwezi anakuja mjini kumchukulia baba dawa za presha, na huwa anapitia hapa kuniachia mboga. Alisimama na mfuko mkononi. Yeye anasoma polepole, kwa midomo. Nilimwona akifika kwenye S ya mwisho.

"Usivunje!" akamwambia Were. "Ukivunja jina umevunja mwenye jina."

"Sasa tufanye nini nalo, mama?"

"Mimi sijui. Mwulizeni huyu. Amemchimbia baba yake shimo na kompyuta."

Hakuvunja. Haliwezi kuvunjwa, na haliwezi kukaa. Liko chini ya meza yangu, limefunikwa gunia, na nikikaa naligusa kwa kiatu.

Jumatano, Aprili 30

Sikulala. Mvua.

Jumamosi, Mei 3

Nilimpelekea baba, yeye aamue. Kimutai alinifungia jiwe kwenye gunia na kulipakia bodaboda, akakataa nimwambie asante. Senje hakunisalimia.

Nilimweleza baba kila kitu. Nilipiga magoti, sijui kwa nini. Alisema, "Lete nione."

Tuliliegemeza kando ya kitanda. Hakulisoma kwa macho. Alipitisha kidole cha kushoto ndani ya S, akafuata mpaka mwisho wake, akaingia kwenye Y. Alienda hivyo jina zima. Mbali kwenye uwanja wa mafahali ngoma za isukuti zilikuwa zinapigwa, watu wanapiga mbinja.

"Huyu ni mimi," akasema. Machozi yalimtoka upande mmoja, ule mwingine hauwezi. "Jescah, njoo uone. Huyu ni mimi."

Senje hakuja. Alisema kutoka mlangoni, "Litoke kwa hii nyumba."

"Likae hapahapa," baba akasema. Nilikuwa nimesahau kwamba huyu mzee anaweza kuamrisha. "Nimeandikia watu wangapi? Mimi nani ameniandikia?"

Likakaa. Senje akalifunika na leso.

Kabla sijaondoka nikauliza O. Akafunga macho. "Jumamosi, mwanangu. Utakuja Jumamosi?"

Nikamwambia nitakuja.

Jumamosi, Mei 10

Sikwenda. Oda ni nyingi, Were aliomba tufanye kazi leo, na barabara ya kwetu imekatika kwa maji ya mashimo ya dhahabu. Nilimpigia senje amwambie baba ni Jumamosi ijayo. Akasema "Sawa" akakata.

Jumanne, Mei 13

Baba ametutoka leo asubuhi.

Jumapili, Mei 18

Naandika nikiwa Malinya, matanga yanaendelea nje, kuna watu kila mahali na moshi.

Ni kiharusi tena. Senje alimkuta amelala mkono wa kushoto umening'inia nje ya kitanda, vidole viko kwenye jiwe, leso imeanguka chini. Alinieleza mbele ya watu, na alipomaliza akasema, "Lilimwita. Nilisema na hamkunisikia." Wamama waliokuwa wakichambua mboga walisikia wote. Hakuna aliyenitetea. Hata mimi sikujitetea.

Mimi ninasoma, nina cheti, najua presha ni presha. Lakini nimeketi hapa na najiuliza kama si mimi. Nikijaribu kujiambia ni upuzi naona lile jina linatiririka maji, na naona nikitabasamu. Najichukia kwa lile tabasamu.

Na sikwenda Jumamosi. Hilo halina uganga wala kompyuta. Aliniuliza nitakuja, nikasema nitakuja.

Jumamosi, Mei 24

Tumemzika. Mvua ilinyesha tangu maombi mpaka mwisho, kaburi lilikuwa linajaa maji tukiyachota na ndoo. Msalaba wake umeandikwa na yule fundi wa majeneza. Jina lilianza kuchuruzika kabla wachungaji hawajamaliza.

Watu walipita mbele yangu kunipa mkono. Wengine walipitisha tu vidole.

Jumatatu, Juni 2

Nimerudi kazini. Kimutai alikuwa amefagia chini ya meza yangu. Were aliniambia nichukue muda wangu, kisha akaongeza, bila kuniangalia, kwamba alimfahamu mzee, kwamba msalaba wa mama yake mwenyewe aliandika mzee na haujafutika hadi leo. Nimemchukia huyu mtu kwa muda mrefu na kumbe amri yake ile hakuiweka kwa roho mbaya. Alikuwa anaogopa tu kama sisi wote.

Familia imeamua kumbukumbu ya mama iendelee Juni 21. Jiwe lake limepolishwa. Herufi zote ziko isipokuwa moja.

Jumatano, Juni 4

Nimechora O kutoka juu, kushuka kushoto, kuzunguka, kama tulivyofundishwa sote. Nikaiweka mwisho wa NAVALAY. Haikukubali. Unene umekaa pabaya, imeinama upande usio wake. Nimerudia, nikaanzia kulia. Vilevile. Duara halina mwanzo wala mwisho, na kwenye picha zangu zote za vibao rangi imefunika kila kitu. Mtu aliyejua amelala kando ya mke wake.

Alhamisi, Juni 5

Mvua imepungua. O haitoki.

Ijumaa, Juni 6

Kimutai amesema tuweke O ya mashine, hakuna atakayejua. Nilimjibu vibaya. Baadaye nilimnunulia soda.

Jumamosi, Juni 7

Sikutaka kwenda nyumbani. Nilienda kwa sababu ni Jumamosi.

Senje alikuwa peke yake, watu wa matanga wameondoka. Kitanda cha baba amekitandika. Jiwe liko palepale, leso imewekwa juu yake vizuri, imekunjwa pembe. Nilidhani angekuwa amelitupa mtoni.

Tulikunywa chai. Mwishowe akauliza, "Jiwe la mama yako limefika wapi?"

"Limebaki O," nikasema. "Hakunifundisha. Nitaweka yoyote tu."

Aliweka kikombe chini. Akainuka, akaenda jikoni, akarudi na sinia ya unga. Yule aliyegomba kwa sababu ya unga! Akausawazisha kwa kiganja, vilevile kama baba, polepole. Kisha akaweka kidole chini kabisa, pale O inapokalia, akapanda kushoto, akazunguka juu, akashuka kulia, akarudi chini, akabonyeza mwishoni.

"Alianzia chini," akasema. "Tulisoma dawati moja. Mwalimu alimchapa kwa hiyo O mpaka kiboko kikavunjika, kwamba O inaanzia juu. Alikataa. Alisema O ni kikombe, na kikombe kinajazwanga kutoka chini."

Niliangalia ule unga. Ilikuwa ndiyo. Ilikuwa O ya posho mill, O ya kinyozi.

"Ulikuwa unajua wakati wote, senje? Ulisimama nyuma yetu, ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa najua. Na yeye alikuwa anajua."

"Alisema ni ngumu."

"Ngumu wapi?" Akafuta mikono kwenye nguo. Alikuwa analia na mimi sijawahi kumwona senje akilia, hata kaburini hakulia. "Hiyo ndiyo rahisi kuliko zote. Nilimwambia, mpe mtoto O yake amalize kazi. Akaniambia, Jescah, nikimpa O, atakuja tena lini? Alikuwa anakuja Krismasi kwa Krismasi. Sasa anakuja kila Jumamosi. Niachie O yangu."

Nililala kwenye mapaja yake nikalia mpaka nguo yake ikalowa. Hakunipangusa wala hakunisukuma. Baada ya muda alisema, "Nilikuwa na hasira na wewe. Ile Jumamosi hukuja, nilimwambia, lakini alikaa mlangoni mpaka giza. Nikaona afadhali niseme ni jiwe." Akashusha pumzi. "Si jiwe. Kila jioni alikuwa analipapasa ndiyo analala vizuri. Si jiwe, mwanangu."

Sijui kama hilo limenipunguzia au limeniongezea.

Jumatatu, Juni 9

Nimeingiza O. Mwanzo chini, kina kidogo, panda, zama juu kushoto, inua, shuka, na mwisho kabisa bonyeza. Kimutai alifunga jiwe la mama. Aliniuliza, "Una uhakika?" Nikasema washa.

Hatukujaribu kwa mboga.

Jumamosi, Juni 21

Jua kali leo, la kwanza kwa wiki nyingi, na udongo umeanza kupasuka. Were alikuja na lori lake mwenyewe. Tuliweka jiwe la mama, NAVALAYO, TULIISHI VYEMA, na kando yake, kwa baba, tukaweka lile jiwe la majaribio lenye neno moja, SYLVANUS. Senje ndiye aliyesema liwekwe. Alilibeba yeye kutoka chumbani, amelikumbatia, akakataa kusaidiwa.

Watu walisogea wakasoma. Mzee mmoja aliyekuwa akimletea baba mbao aliinama, akagusa N, akasema, "Lakini si alikuwa amekatika mkono?"

Wote walipoenda kula, senje alipiga magoti, akaweka kidole kwenye O ya mama, chini kabisa, akaipanda polepole mpaka ikarudi. Mimi nilisimama nyuma yake, kama yeye alivyokuwa akisimama.

Hakuna herufi iliyobaki. Nimemwambia senje Jumamosi ijayo nitakuja.